Jibu: Hekaya na kazi ya makuhani katika hekalu la Puri

Ndugu, umeuliza iwapo hekaya za mahekalu ya Kihindu zina uzito wowote katika kazi ya makuhani, au ni masimulizi ya kuwafurahisha mahujaji tu. Hekalu la mungu Jagannath mjini Puri, India, linajibu vizuri. Inasimuliwa kwamba mungu huyo aliabudiwa kwanza msituni na Vishvavasu, mkuu wa kabila la Wasavara, kabla ya Mfalme Indradyumna kumjengea hekalu. Kwa maoni yangu, hekaya hiyo ni kama hati ya urithi, kwa kuwa Wadaitapati, kundi la wahudumu wa hekalu wanaojihesabu kuwa wazao wa Vishvavasu, humhudumia mungu huyo kama ndugu yao wa damu wakati wa sherehe kuu ya magari, yaani magari ya mbao yanayobeba sanamu, ingawa ibada za kila siku huongozwa na Wabrahmani, tabaka la makuhani wa Kihindu. Sanamu za mwarobaini zilipobadilishwa mwaka 2015, Wadaitapati ndio waliohamisha kiini kitakatifu kutoka sanamu kuukuu hadi mpya, kazi ambayo kwa desturi hufanywa usiku, wakiwa wamefungwa macho na mikono yao imeviringishwa vitambaa. Kisha wakazizika zile kuukuu na kukaa matanga, wakanyoa nywele kama waliofiwa.