Wimbo wa Kumkumbuka Mpendwa: Anza na Jina Lake

Msomaji ameandika kwamba anamtungia marehemu mama yake wimbo. Beti sita ziko tayari, ila haziimbiki. Kwanza, sita ni nyingi. Tatu na kiitikio zinatosha. Pili, mara nyingi kinachokwamisha ni jina.

Mkazo wa Kiswahili hukaa kwenye silabi ya pili kutoka mwisho. Kwa Rehema, basi, uko kwenye "he". Iingize "re" kabla ya pigo la kwanza, "he" itue juu ya pigo lenyewe na ishikwe kwa mapigo mawili, kisha "ma" ishuke. Ukiibebesha "re" pigo zito, jina litasikika la kigeni hata kwa wanawe. Juma huanza papo hapo kwenye pigo la kwanza. Mwanaidi anataka silabi mbili za kuingilia. Jaribu kwa kugonga meza kabla hujagusa kinanda.

"Mpole, mkarimu, mcha Mungu" humfaa kila marehemu, ndiyo maana hayamlizi mtu. Tafuta kitu chake mwenyewe. Kama aliwaita watoto kwa mluzi wa noti tatu, tuseme so-mi-la, hizo ndizo utangulizi wako, na zirudi kati ya beti. Waliomjua watainua vichwa kabla neno halijaimbwa.

Wala si lazima wimbo uburute miguu. Mtunzi Mfaransa Ravel alikamilisha Le Tombeau de Couperin mwaka 1917 kwa kumbukumbu ya rafiki zake waliokufa katika Vita vya Kwanza vya Dunia, na kati ya vipande vyake sita vya piano, vitatu ni vya mitindo ya dansi. Kwenye mapigo 55 kwa dakika mwimbaji huishiwa pumzi katikati ya mstari; 75 hadi 80 humbeba.

Wengi huharibu kwenye ufunguo, yaani kimo cha sauti ambacho wimbo unaimbiwa. Koo la anayelia hukaza, na noti za juu ndizo hupotea kwanza. Kama mazoezini anafika D ya juu bila kujikamua, kilele cha wimbo kiishie B iliyo chini yake, yaani ushushe nusutoni tatu (hatua tatu ndogo kabisa za kinanda). Mpiga gitaa akinung'unika, mwambie kutoka ufunguo wa C kwenda A hakuna kodi (chord, noti zinazopigwa pamoja) ya kutisha.

Kabla ya ubeti wa mwisho acha vipimo vinne (bar, mafungu ya mapigo) vya ala tupu, mwimbaji ameze mate. Ubavuni pake asimame mwenzake anayejua wimbo wote, si kiitikio tu. Sauti ikikatika, adake neno linalofuata; lile lililokwama lisirudiwe.