Hesabu Kumi Kabla ya Kuzima

Uru, Moshi

Mwanangu,

Marahaba. Barua yako imefika na nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa nimekaa kwenye kile kiti cha baba yako kibarazani. Huku hatujambo. Migomba miwili ya nyuma ya jiko imeangushwa na upepo, na shangazi yako bado anabisha kwamba aliyechimba karibu na mashina ni mimi.

Umeniuliza kama uipokee ile nafasi ya kufundisha filamu chuoni Arusha, mkataba wa miaka miwili. Ukaongeza, na hili limenikaa rohoni, kwamba unaogopa ualimu utakula kazi yako kama ulivyokula ya baba, maana katika miaka yote aliyofundisha alimaliza filamu tano tu. Mambo ya mkataba nitayafikia. Hilo la kuliwa silikubali, na nadhani unalisema kwa sababu ulimwona akirudi jioni amechoka, ila hukuwahi kukaa darasani kwake.

Wiki ya kwanza hakuna aliyeshika kamera. Baba yako aliwapeleka wanafunzi sokoni Kiboriloni, kila mmoja na daftari, wakae saa nzima na kuandika sauti wanazosikia: ipi iko karibu, ipi iko mbali, ipi itafunika maneno ya mtu. Wengi walirudi na sauti tisa au kumi. Alitaka thelathini. Hakuwa akiwatesa. Sikio lina ubongo nyuma yake, linachuja. Pikipiki ikipita wewe unaendelea kumsikiliza mwenzako. Maiki haichuji. Huchukua pikipiki na mtu kwa usawa, halafu unakaa kwenye kuhariri unashangaa pikipiki imetoka wapi.

Wiki ya pili ndipo alipowapeleka kwa fundi baiskeli. Kazi: onyesha pancha inavyozibwa, kwa picha nane, kila moja isipungue sekunde kumi, kamera kwenye stendi, bila kuizungusha, bila kuvuta lenzi, bila neno hata moja. Unajua fundi anavyofanya. Anageuza baiskeli magurudumu juu, anachomoa tairi kwa vyuma viwili, anatoa tyubu na kuijaza upepo, anaizamisha kwenye beseni na kuizungusha polepole mpaka mapovu yatoke. Anaweka alama, anakausha, anakwangua kwa msasa, anapaka solusheni, anasubiri isinate tena kwenye kidole, kisha anabandika kiraka na kugonga. Wanafunzi karibu wote walirudi na msasa na nyundo. Nusu yao walikosa mapovu, kwa sababu walisimama upande wa fundi, ambako mkono wake unaziba beseni. Na mapovu hayarudiwi. Tundu likishazibwa limezibwa. Dawa yake ni kukaa ng'ambo ya beseni, kamera chini usawa wa goti, kabla fundi hajaleta maji.

Lakini kulikuwa na kosa jingine alilolisubiri, nalo lilikuja kila mwaka. Wakati solusheni inakauka, wote walizima kamera. Waliona hakuna kinachotokea. Hapo ndipo alipokuwa akisimama na kusema maneno ambayo hata wewe uliyasikia mezani mpaka ukayachoka: "Gundi ikikauka fundi hana kazi, ndipo anapotazama barabara. Huyo sasa ndiye yeye. Kwingine kote umepiga mikono."

Filamu huja baada ya mtu kumaliza. Nimeishi na maneno hayo miaka mingi na bado nayaamini. Mtu akimaliza kusema, hesabu kumi moyoni kabla ya kuzima.

Sasa nikuambie jambo ambalo hulijui: hakuanza hivyo. Baba yako alijifunza Dar es Salaam, kwa filamu ya milimita 16. Futi moja ya utepe wake ina picha tuli 40, na kamera inakula picha 24 kwa sekunde, kwa hiyo kasha la futi 400 linaisha kwa dakika kumi na moja. Lile dogo la futi 100 halifiki dakika tatu. Unalibadilisha mikono ikiwa ndani ya mfuko mweusi, kwa kupapasa tu, na unywele mmoja ukibaki kwenye lango la kamera utauona ukicheza kwenye ukuta mzima. Filamu ya rangi ilisafiri kwenda kusafishwa, mkasubiri wiki kadhaa kujua kama mlichopiga kipo. Mtu aliyefunzwa hivyo husikia kila sekunde kama shilingi inayodondoka. Hata tulipohamia kanda ndogo za video, za dakika 60 kila moja, aliendelea kuwafundisha wanafunzi siku ya kwanza: betri ni hela, kanda ni hela, mtu akimaliza zima.

Unaona ninakokwenda.

Ulikuwa darasa la tano. Ilikuwa filamu ya mfereji, mfongo wa pale juu kwetu, jinsi maji yanavyogawanywa kwa zamu na jinsi mlango wa maji unavyozibwa kwa udongo na vipande vya mgomba zamu inapobadilika. Tulikuwa kwa yule mzee aliyeulinda tangu enzi za baba yake. Baba yako aliuliza maswali, mimi nilivaa hedifoni, na kamera aliishika mwanafunzi, yule kijana wa Kiboriloni uliyempenda kwa sababu alikuundia gari la waya.

Kazi tuliipanga vizuri, naweza kukuhakikishia. Mzee tulimtoa chini ya migomba, maana pale mwanga unapita kwenye majani na uso unageuka kijani. Tukamkalisha ukingoni mwa kibaraza mwanga ukimpiga kwa kando. Kijana alipima mwanga kwenye ngozi ya uso akaacha anga iungue iwe nyeupe, sawasawa na alivyofundishwa. Ukipima anga, mtu mweusi anabaki kivuli. Maiki niliibana shibiri moja chini ya kidevu, nje ya koti, kwa sababu kitambaa kikikwaruza hakuna mashine ya kukitoa. Mita ya sauti niliiweka isipande juu ya desibeli −12 mzee akiongea kawaida, maana sauti ya kidijitali ikifika juu kabisa hukatika na haiponi. Tuliomba hata ruhusa ya kukata majani makavu ya mgomba yaliyokuwa karibu. Yakisuguana husikika kama mvua, na mtazamaji atajiuliza mvua gani hii na jua linawaka.

Mzee alieleza zamu zote, Jumatatu mpaka Jumapili, ukoo kwa ukoo. Akamaliza. Akanyamaza, akaangalia mfereji. Kijana akazima, taa nyekundu ikatoka. Ndipo mzee akasema, kwa Kiuru, polepole kama mtu anayejisemea: "Zamu ya Jumanne ilikuwa ya mdogo wangu. Niliichukua mimi."

Mdogo wake unamjua alikoishia, Pasua kule mjini, akiuza mkaa, baada ya shamba kukauka.

Nilimsikia vizuri sana masikioni. Kamera ikiwa imesimama bado hedifoni husikia. Baba yako akamwomba arudie. Mzee akajibu, "Nimeshasema, mwalimu." Basi. Baba yako akageuka, na mbele ya mzee, mbele ya wanafunzi wengine sita na wajukuu waliokuja kuangalia, alimwambia yule kijana maneno ambayo sitayaandika. Kijana hakujibu. Alikunja waya wa maiki vizuri, mzunguko mmoja ndani, mmoja nje, ili usijisokote, akaufunga, akashusha kamera kwenye stendi, akaondoka kwa miguu. Ndani ya kamera zilikuwa zimebaki dakika 34 za kanda. Nilizitazama mwenyewe.

Usiku ule baba yako hakula. Na si kwa sababu ya picha. Alikuwa amekumbuka ni nani aliyemfundisha yule mtoto kuzima.

Jumapili iliyofuata alichukua sale, lile jani letu Wachaga la kuombea msamaha, akaenda nalo Kiboriloni nyumbani kwao, mwalimu mzima na jani mkononi. Unajua sale halikataliwi. Lilipokelewa, wakanywa mbege, yakaisha. Kijana darasani hakurudi. Tangu mwaka uliofuata somo la betri na kanda lilihamishwa mpaka wiki ya nne, na siku ya kwanza, kabla hajataja jina la kifaa chochote, alisimama mbele yao kimya na kuhesabu kumi kwa vidole.

Kwa hiyo ukisema ualimu ulimla, mimi nakuuliza, ni nani aliyempa hiyo hesabu ya kumi? Ni mwanafunzi. Angalia filamu mbili za mwisho na zile tatu za kwanza. Zile za kwanza zinakata mtu anapofunga mdomo. Za mwisho zinangoja. Asingefundisha, angekufa na ubahili wa futi 400.

Hata hivyo, mwanangu, kuna upande ambao sikuwahi kumwambia, na sasa hayupo. Nimejiuliza mara nyingi: je, mzee aliongea kwa sababu taa ilizimika? Alikuwa akiitazama ile taa, nilimwona. Kama ingebaki inawaka, tungehesabu kumi, tungehesabu hata mia, labda asingesema. Basi kijana hakupoteza kitu. Kijana ndiye aliyemfungua. Mwaka mmoja wanafunzi walipendekeza wabandike utepe mweusi wa gundi juu ya taa, watu wasijue kama kamera inakwenda. Baba yako alikataa kabisa. Alisema anayerekodiwa lazima ajue, asipojua unaiba. Alikuwa sahihi. Lakini kama alikuwa sahihi katika hilo, basi lile neno la Jumanne halikuwa letu tangu mwanzo, na ile hasira yote ilikuwa juu ya mali ya mtu mwingine. Halafu najirudi: la, mzee alijua tumekuja kufanya nini, na maiki ilikuwa kifuani kwake bado. Sijafika mwisho wa hili.

Ukienda Arusha, fundisha kama alivyofundisha historia pia, maana aliianzia nyumbani. Alianza na Vugiri, kule Usambara, ambako Waingereza walipiga filamu za kuwafundisha Waafrika kati ya 1935 na 1937. Sauti ilikuwa kwenye sahani za santuri, mbali na picha, ili maelezo yabadilishwe kwa kila lugha. Aliwauliza darasa: mtu akionekana analima, na sauti ya mwingine inaeleza analimaje, aliyelima amesema nini? Kisha alirukia Flora M'mbugu-Schelling na filamu yake ya 1992 ya wanawake wanaoponda mawe Kunduchi, ambayo haina msimulizi. Nyundo, jiwe, wanawake wakiimba. Alizima taa ya darasa, akawaacha waione yote, na baada ya kuisha hakuwasha taa haraka.

Sasa mkataba. Kabla ya kutia sahihi waulize: wanafunzi wangapi kwa kamera moja? Wakizidi wanne, wawili watakuwa watazamaji muhula mzima. Chumba cha kuhariri kinafungwa saa ngapi? Kama ni saa kumi jioni, hakuna kazi itakayoisha. Filamu ya mwanafunzi ni ya nani akishahitimu? Iandikwe. Likizo yako iangukie lini? Wewe unahitaji Julai na Agosti, barabara za juu zikiwa kavu, ingawa vumbi la miezi hiyo litakulazimu kufunga lenzi moja asubuhi na kutoibadilisha nje. Na nani anashughulikia vibali? Cha Bodi ya Filamu ni kimoja, barua ya serikali ya kijiji ni nyingine, na ukigusa hifadhi ya mlima ni habari ya tatu kabisa. Wakijibu vizuri manne kati ya hayo, utapata nafasi ya kupiga filamu yako. Wakijibu mawili, hutapata.

Sitakuambia ukubali. Nilikuwa nimeandika neno hapa, nimelifuta, na ukiangalia karatasi kwenye mwanga usijaribu kulisoma.

Pasaka ukija, leta ile kompyuta ya zamani yenye tundu la FireWire, lile la kuunganisha kamera ya kanda, hizi mpya hazina, na diski yenye nafasi ya kutosha. Kanda ziko 41 kwenye sanduku la bati chini ya kitanda. Kila saa moja ya kanda inachukua saa moja kuihamisha na inakula kama GB 13, hakuna njia ya mkato. Usizilete kwenye joto moja kwa moja kutoka huku juu asubuhi. Ziache ndani ya mfuko uliofungwa saa moja au mbili kwanza, unyevu usije ukaganda juu ya kanda na kuinasisha kwenye kichwa cha mashine. Mzee wa mfereji yuko kwenye namba 14. Inakatika dakika ya 26. Baada ya hapo ni tupu mpaka mwisho, nawe usirekodi kitu chochote juu yake.

Mama yako