"Hakupiga Yeye" Haitoshi: Niliyojifunza Kwenye Rufaa ya Mpwa Wangu

Karibu miaka miwili familia yetu ilikuwa na neno moja tu mdomoni: mtoto wetu, yaani mpwa wangu, hakupiga. Tulimwambia wakili, tukawaambia askari magereza, tukawaambia hata abiria wenzetu kwenye daladala ya kutoka Chamwino kwenda mjini. Wakili alinisikiliza mpaka nikamaliza, akavua miwani. "Sawa mzee, hakupiga. Sasa alikuwa anafanya nini?"

Sikuwa na jibu.

Kisa chenyewe ni kifupi. Mbuzi waliibwa usiku, yowe likapigwa, vijana wakatoka. Mtu waliyemkamata alikufa kabla hajafikishwa kwa mwenyekiti wa kijiji. Wanne walitiwa hatiani kwa kuua kwa kukusudia, mpwa wangu akiwamo. Adhabu ya kosa hilo ni moja tu, kunyongwa hadi kufa, na jaji hana pa kupunguzia.

Kilichowafunga wote wanne ni kifungu cha 23 cha Kanuni ya Adhabu ya Tanzania. Kwa lugha ya nyumbani kinasema hivi: watu wawili au zaidi wakiwa na nia moja ya kufanya jambo haramu, na katika kulifanya likatokea kosa ambalo lingeweza kutarajiwa kutokana na jambo hilo, kila mmoja anahesabiwa amelitenda. Kumkamata mwizi na kumpeleka ofisini si haramu. Kumkamata ili "mumfunze adabu" kwa marungu ni haramu, na kifo hapo hakiko mbali.

Usijidanganye pia kwamba Jamhuri, yaani upande wa mashtaka, lazima ilete shahidi aliyewasikia mkipanga. Tangu mwaka 1943, katika shauri la Tabulayenka, Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki ilikwisha kusema kwamba si lazima kuwe na makubaliano ya awali. Nia ya pamoja inaweza kusomwa kwenye kuwapo kwa mtu pale, kwenye vitendo vyake, na kwenye kutojitenga kwake na kipigo. Majaji wetu wanaifuata kanuni hiyo mpaka leo. Kwa hiyo nia inaweza kuzaliwa njiani, watu wakikimbia, bila mtu kutamka lolote.

Basi nilinunua daftari. Kila mshtakiwa nikampa ukurasa wake, nikaanza kusoma mwenendo wa shauri, yaani maandishi ya yote yaliyosemwa mahakamani, mwanzo mpaka mwisho: shahidi gani alimtaja, alimwona akifanya nini, ameshika nini, alifika wakati gani, aliondoka wakati gani. Ilinichukua majuma mawili, jioni baada ya kutoka kwenye zabibu. Kama una ndugu gerezani, kazi hii usimwachie wakili peke yake. Yeye ana majalada mengi, wewe una moja.

Ukurasa wa mpwa wangu ulikuwa na mistari mitatu. Shahidi wa pili: "alikuwepo." Shahidi wa nne: alifika na tochi, mtu akiwa ameshaanguka. Wa tatu ulikuwa maelezo ya mshtakiwa mwenzake aliyoyatoa polisi. Maelezo ya namna hiyo mahakama inaweza kuyazingatia, ila Sheria ya Ushahidi inakataza kumtia mtu hatiani kwa hayo peke yake.

Nikarudi kwenye hukumu. Kila mahali iliandikwa "washtakiwa": washtakiwa walimkimbiza, washtakiwa walimzingira, washtakiwa walimpiga. Ile *wa-* ya wingi ndiyo iliyombeba mtoto wetu mpaka kwenye kitanzi. Nilipomwonyesha wakili alicheka kidogo, halafu akaacha kucheka na kuchukua kalamu.

Hapo ndipo tulipogombana na familia nyingine. Wao walitaka wakili mmoja awasemee wote wanne, tusimame kama kitu kimoja. Nilikataa, na nakushauri ukatae, ikiwa utetezi wa mmoja unamchoma mwenzake. Kwenye mashauri ya kunyongwa asiye na uwezo hupangiwa wakili bila malipo. Ieleze mahakama mapema kwamba maslahi yanagongana.

Mambo mengine nayapitia mbio. Notisi ya rufaa ni ndani ya siku 30, na mfungwa huiwasilisha kupitia mkuu wa gereza. Usipeleke mashahidi wapya: tulimpeleka mzee mmoja jirani, amevaa koti lake la harusi, akakaa kwenye benchi tangu asubuhi bila kuitwa. Majaji watatu wanapima kilichomo kwenye kumbukumbu. Ushahidi mpya hupokelewa kwa nadra sana.

Halafu kuna dhamira ovu, yaani nia ya kuua au kuumiza vibaya, ambayo nayo lazima ithibitike. Katika shauri la Enock Kipela, rufaa namba 150 ya mwaka 1994, Mahakama ya Rufani ilitaja vya kutazamwa: silaha, nguvu iliyotumika, sehemu ya mwili, idadi ya mapigo, majeraha, maneno na mwenendo wa mtuhumiwa kabla na baada. Ikikosekana, kosa linaweza kushuka kuwa kuua bila kukusudia. Kwetu haikusaidia. Ripoti ya daktari ilizungumzia kichwa.

Mpwa wangu aliachiwa. Kuwapo tu hakukutosha. Rufaa ya kijana mwingine, jirani yetu, ilitupwa, na huyo naye hakupiga. Alisimama njia panda na rungu, akipaza sauti marehemu asipite. Mama yake aliamini mpaka siku ya mwisho kwamba watoto wetu wako sawa.

Tunachota maji kwenye bomba moja. Mwezi uliopita alikuja nyumbani, akakataa chai, akaomba daftari. Hajui kusoma vizuri. Akaniuliza ukurasa wa mwanawe ni upi.

Ulikuwa na mistari kumi na mmoja. Nilimsomea yote.