Kibarua wa Serikali na Haki ya Usawa

SWALI: Ndugu Mhariri, kwa miaka minne nimekuwa kibarua katika ofisi ya umma kwa mikataba ya miezi mitatu mitatu, nikifanya kazi ileile ya wenzangu wa kudumu kwa nusu ya malipo yao. Je, Katiba inanilinda? Msomaji, Mafinga.

JIBU: Ndugu msomaji, inakulinda. Ibara ya 23 ya Katiba ya Tanzania ya mwaka 1977 inampa kila mtu, bila ubaguzi, haki ya ujira unaolingana na kazi yake, wala haisemi kwamba haki hiyo ni ya waajiriwa wa kudumu pekee. Jambo hili, kwa maoni yangu, husahauliwa mno. Hata hivyo, Ibara hiyo haikupi ajira ya kudumu yenyewe. Tunza mikataba yako yote, ulalamike kwanza kwa maandishi, kisha, ikibidi, Ibara ya 30 inakuruhusu kufungua shauri Mahakama Kuu.