Re: Baba Msukuma, mama Mkerewe, nataka kutengeneza filamu kuhusu mimi mwenyewe na sina mfadhili, nianzie wapi?

Mkuu, umeuliza ununue kamera gani. Achana na kamera kwanza, hiyo simu yako inatosha. Mimi pia ni mchanganyiko kama wako, nimekulia Kirumba hapa Mwanza, na kazi zangu zote naanza kuigiza laivu mbele za watu ndo baadaye narekodi.

Nenda Bujora pale Kisesa msimu wa Bulabo, lile tamasha la ngoma za Kisukuma la mwezi wa sita, ukawaangalie Bagika na Bagalu, vyama viwili vya ngoma vinavyoshindana. Wanacheza muda mmoja, kila upande na uwanja wake, mshindi ni aliyevuta watu wengi, ndo maana utaona nyoka, sanamu, majembe yanarushwa juu kwenye bugobogobo (ngoma ya majembe), chochote kile ili usihamie kwa wenzao. Ukiongelea habari za "mimi ni nani" mbele ya watu wanaoweza kuondoka bila kukuaga unajua fasta wapi unajidanganya, maana wengi wetu filamu za hivi tunaziharibu kwa kujionea huruma, nusu saa nzima mtu kasimama anaangalia ziwa (ziwa zuri sawa, ila tushaliona).

Niliwahi kuigiza kipande mwaloni Kirumba, pale soko la samaki, nimevaa shati la marehemu baba na khanga ya mama, najitapa Usukuma wangu kwa mbwembwe zote. Mama mmoja muuza dagaa, hata kopo lake hajaliweka chini, akanisalimia "mwangaluka", nikaitikia freshi, akaongeza swali refu la Kisukuma hapo nikabaki natoa macho, watu wakaangua kicheko, akasema "haya, kumbe wewe ni Msukuma wa salamu". Aisee, filamu nzima nikaijenga juu ya hapo. Baadaye nikamfuata kumwomba ruhusa, sauti akakubali, sura akagoma, kwa hiyo unachoona ni mikono yake na lile kopo tu, na kwa maoni yangu imekaa vizuri kuliko ningepata sura.

Sauti ndo itakutesa. Rekodi asubuhi mapema, mchana upepo wa ziwani ukianza kuvuma kuelekea nchi kavu hata maiki nzuri inaleta mavumo tu, na mwaloni kuna injini za mitumbwi juu yake. Vibali usipuuze, sheria ya filamu na michezo ya kuigiza ipo tangu 1976, anzia kwa afisa utamaduni wa halmashauri yako akuelekeze Bodi ya Filamu.

Na usikimbilie kukariri Kisukuma ili uonekane orijino, ongea hichohicho ulichonacho. Ukimaliza huku mjini panda meli ya Nansio, kaigize kipande hichohicho kwa wajomba zako Ukerewe, uone watakukatiza sehemu gani, nakuhakikishia haitakuwa ile ya watu wa Kirumba.