Majemadari wawili Oudenarde: amri inapogawanyika, jeshi hushindwa vipi?

SWALI: Mwalimu, shikamoo. Nasoma vita vya Ulaya vya karne ya 18, na kila nikifika kwenye kushindwa kwa Wafaransa pale Oudenarde, mji wa Flanders (Ubelgiji ya leo), mwaka 1708, waandishi wanasema tu kwamba amri iligawanyika kati ya Vendôme na Duke wa Bourgogne, kisha wanasonga mbele. Sisi tunasema manahodha wengi chombo huenda mrama, lakini hiyo ni methali. Nataka maelezo ya kitaalamu: mgawanyiko wa wakubwa unamfikiaje askari aliyesimama uwanjani? Na je, Vendôme angekuwa peke yake angeshinda?

JIBU: Marahaba. Methali hiyo itatupoteza tukiitegemea hapa, kwa sababu jeshi lililoshinda siku ile, tarehe 11 Julai 1708, yaani jeshi la washirika walioipiga vita Ufaransa, nalo lilikuwa na manahodha wawili: Duke wa Marlborough wa Uingereza na Eugene wa Savoy, jemadari wa Austria. Ukimhesabu na Overkirk, jemadari wa Waholanzi, wanakuwa watatu. Kwa hiyo idadi ya wakubwa haitoshi kutueleza lolote. Kilichowaponza Wafaransa ni kwamba kulikuwa na mtu wa kutoa amri na mtu mwingine mwenye uwezo wa kuitengua, na yule wa kwanza aliendelea kupigana bila kujua kwamba imetenguliwa.

Tuwaangalie watu wenyewe kwanza. Mfalme Louis XIV alimpeleka mjukuu wake, Duke wa Bourgogne, awe mkuu wa jeshi huko Flanders. Kijana alikuwa na miaka 25, mcha Mungu, mwangalifu, na kati yake na kiti cha ufalme, ukimwondoa babu, alikuwepo baba yake tu. Pembeni yake akawekwa Duke wa Vendôme, miaka 54, mpiganaji mzoefu, mkali wa ulimi, aliyependwa na askari wa kawaida kuliko alivyopendwa ikulu. Matarajio yalikuwa kwamba kijana abebe cheo na mzee aendeshe vita. Huko Versailles, kwenye ikulu ya mfalme, mpango huo ulionekana mzuri. Uwanjani, kila ofisa alijua kwamba mmoja wa hawa wawili huenda akawa mfalme wake kesho. Amri zao zikipingana, ofisa huyo unadhani atafuata ipi?

Sasa jinsi majeshi yale yalivyofanya kazi, kwa sababu hapo ndipo jibu la swali lako lilipo. Jeshi la wakati ule lilitembea kwa misafara mirefu na kupigana kwa safu pana, na kutoka msafara kuwa safu kulichukua saa nyingi. Batalioni ikishapangwa mahali, kuihamisha ni kazi nyingine kubwa. Jemadari aliona kile tu ambacho macho yake yalifika, na pale Oudenarde palikuwa na miti, vichaka vya mipaka ya mashamba na vijito, halafu moshi wa baruti ukaongezeka. Amri ilibebwa na ofisa juu ya farasi, kwa mdomo au kwa kipande cha karatasi. Ofisa huyo akiuawa, akipotea au akikuta mkubwa mwingine anayesema la, amri imekufia njiani. Jenerali wa leo mwenye redio angeuliza mara ya pili. Jemadari wa wakati ule hakuwa na chombo hicho, kwa hiyo ilimbidi aamini kwamba alichoagiza kinafanyika.

Mwanzoni mwa Julai Wafaransa walikuwa wameteka Ghent na Bruges, wakawa wanavuka mto Scheldt polepole kule Gavere, wakiamini adui yuko mbali. Hakuwa mbali. Cadogan, msaidizi wa Marlborough, aliondoka Lessines mnamo saa 7 usiku na askari wapatao 11,000, na kufikia adhuhuri alikuwa anatandaza madaraja ya maboti karibu na Oudenarde. Alasiri akawashambulia Waswisi waliokuwa wakiitumikia Ufaransa kijijini Eyne na kuwateka wengi wao pamoja na kamanda wao.

Saa zile Cadogan alikuwa peke yake na mto mgongoni, huku jeshi kubwa la Marlborough bado linamiminika madarajani. Vendôme alitaka apigwe papo hapo. Wengine wakamwambia kwamba mbele kuna kinamasi, na jeshi kuu likajipanga nyuma, kwenye miinuko ya Huise, ng'ambo ya kijito cha Norken. Kisha mnamo saa 10 alasiri, nafasi ile ilipokwisha kuyoyoma, Bourgogne mwenyewe akaamuru mashambulizi kuelekea kijiji cha Groenewald. Kwa hiyo jeshi moja lilijipanga kwa kujihami, halafu sehemu yake ikaingia vitani kidogo kidogo, kila kikosi kikikuta adui ameongezeka tangu kikosi kilichotangulia.

Baada ya hapo ndipo likaja kosa ambalo kwangu ndilo lililoamua siku. Vendôme alikuwa upande wa kulia, ameshuka mwenyewe katikati ya askari wa miguu na kupigana kwa mkuki. Jioni alituma amri kwa ubavu wa kushoto, karibu nusu ya jeshi iliyokuwa imesimama Huise bila kazi: shukeni, mpigeni adui kwenye ubavu wake wa kulia. Shambulio hilo lingemwangukia Eugene wakati safu yake bado ni nyembamba. Bourgogne alikwisha kuambiwa kwamba ardhi ya mbele haipitiki, akaamua wasishuke. Ujumbe wa kumweleza Vendôme uamuzi huo haukumfikia.

Hebu mfikirie askari wa miguu kwenye vichaka vya Groenewald. Kamanda wake anamwambia akaze, msaada unatokea kushoto. Anakaza. Vendôme mwenyewe anaendelea kuwamaliza askari wake wa akiba upande wa kulia kwa sababu anaamini nusu ya pili inakuja. Huko mlimani maelfu ya wenzao wamesimama wakiutazama moshi. Laiti lisingekuwapo tumaini la msaada huo, Vendôme angerudi nyuma mapema na kuokoa watu wake. Amri iliyotenguliwa kimyakimya iliwafunga pale pale walipokuwa.

Ng'ambo ya pili, Eugene alikuwa amewasili na wapanda farasi wachache tu, jeshi lake mwenyewe likiwa bado njiani kutoka mto Moselle. Marlborough akamkabidhi ubavu wote wa kulia, yeye akabaki na katikati na kushoto, na hakuingilia tena maamuzi ya mwenzake ila kumpelekea batalioni zaidi. Overkirk alitumwa kuzunguka kwa mbali juu ya kilima cha Oycke. Alichelewa, kwa kuwa madaraja ya mjini yalimletea matatizo, lakini alijua anatakiwa afike wapi, na mnamo machweo akatokea nyuma ya ubavu wa kulia wa Wafaransa. Walichogawana hawa ni uwanja: huyu kulia, huyu kushoto, na hakuna anayevuka mpaka wa mwenzake. Tena wasikudanganye kwamba washirika walikuwa watakatifu. Mwaka 1705, huko Brabant, Marlborough alizuiwa kushambulia kwenye mto Yssche na wawakilishi wa serikali ya Uholanzi waliokuwa na kura ya turufu juu ya majeshi yao. Safari ile walioumia kwa amri kutenguliwa ni washirika.

Giza na mvua vikawaokoa Wafaransa wasizingirwe wote. Hata hivyo Eugene aliwaagiza wapiga ngoma wapige mlio wa Kifaransa wa kurudi nyuma, na maofisa Waprotestanti wa Kifaransa waliokuwa jeshini mwake wakaita gizani majina ya rejimenti za Ufaransa. Askari waliopotea wakaifuata sauti ya nyumbani, wakajikuta mateka. Mateka walihesabiwa kwa maelfu.

Ukitaka mfano wa pili, soma vita vya Vellinghausen, Ujerumani, Julai 1761, ambako majemadari wawili wa Ufaransa, Broglie na Soubise, kila mmoja na jeshi lake, walikutana na jemadari wa adui, Ferdinand wa Brunswick. Broglie alianza jioni ya tarehe 15. Siku ya pili Soubise akasitasita, na Ferdinand akapata nafasi ya kuhamisha askari kutoka mbele ya Soubise kwenda kumpiga Broglie. Hapo hakuna aliyetengua amri ya mwenzake. Hapakuwepo kabisa mtu wa kuwaamrisha wote wawili.

Je, Vendôme angekuwa peke yake angeshinda? Kumwangamiza Cadogan kabla ya saa 10, nadhani angeweza. Ushindi mkubwa zaidi ya hapo, sioni. Asubuhi alizipuuza habari za kwanza za kuvuka kwa adui, na jioni aliacha nafasi ya jemadari akachukua ya kapteni. Mtu mwenye mkuki mkononi hawezi kuuona ubavu wake wa kushoto, wala kujiuliza kwa nini hausogei. Usomapo lawama zote zikimwangukia, kumbuka pia kwamba mwandishi wa kumbukumbu Saint-Simon, ambaye wengi wanamnukuu, alimchukia Vendôme na alikuwa mtu wa Bourgogne.

Ufaransa yenyewe haikurekebisha kitu. Miezi michache baadaye, mji wa Lille wa Ufaransa ulipozingirwa na washirika, jeshi lile lile liliongezewa mkubwa wa tatu, Marshal Berwick, ambaye alikataa kuamrishwa na Vendôme kwa sababu Vendôme hakuwa na cheo cha marshal, yaani cheo cha juu cha jeshi la Ufaransa. Wakabishana, wakaandika barua Versailles, mfalme akalazimika kumtuma waziri wake wa vita, Chamillart, aende kuwapatanisha. Mji ulisalimu amri Oktoba, ngome yake Desemba.