Lini uweke fowili (matairi yote manne kuvuta), lini uitoe: kwa madereva wapya wa safari

Masika ikianza tu, mambo ni yale yale. Gari limezama hadi ekseli kwenye udongo mweusi wa Ndutu, wageni wamesimama juu ya viti wanachungulia, na dereva kijana anaruka kwenye tope kwenda kuweka habu (vifungio vya katikati ya matairi ya mbele) ambazo zilitakiwa ziwe zimewekwa tangu Loduare, geti la Ngorongoro. Siku ya kurudi, kijana yule yule anashuka kona za Mto wa Mbu kwenye lami kavu, na leva bado iko H4, yaani fowili. Wadogo zetu, hili linatuuma. Mnajua ndege kwa majina ya kisayansi, mnasoma nyayo za duma kwenye vumbi, mnaongea na wageni kwa lugha tatu. Leva fupi iliyo pembeni ya goti lenu inawashindaje?

Tunayoyaandika hapa ni ya Land Cruiser za familia ya 70, zenye injini ya 1HZ, gia za mkono na habu za kuzungusha kwa kidole, kwa kuwa ndizo wengi mnazokabidhiwa. Wa Defender na Prado wana fungu lao huko chini.

1. Habu kwanza, na zote mbili.

Habu zikiwa FREE (huru), H4 haikupi chochote. Propela ya mbele (shafti inayopeleka nguvu kwenye ekseli) inazunguka, difu ya mbele (gia za katikati ya ekseli zinazogawa mzunguko kulia na kushoto) inazunguka, lakini matairi ya mbele yanaburutwa tu. Ukiweka moja LOCK (imefungwa) ukasahau nyingine, ni hasara ile ile, maana difu itapeleka mzunguko wote upande ulio wazi na tairi la upande wa pili litakaa kimya. Zungusha kwa mkono mpaka alama ifike LOCK kabisa, isiishie katikati. Ikiwa ngumu, sogeza gari nusu mita ujaribu tena. Plaizi iacheni kwenye boksi la spana, inavunja kishikio na baada ya hapo habu haigeuki tena.

Kuna woga umeenea kwamba habu zikiwa LOCK kwenye lami gari litaharibika. Si kweli. Habu LOCK na leva H2 (matairi ya nyuma tu yanavuta) haina madhara popote. Vyuma vya mbele vinazunguka bure na mafuta yanaongezeka kidogo, basi. Kwa hiyo ukijaza dizeli Karatu, funga habu hapo hapo, ukiwa umesimama pakavu na viatu visafi. Ziache hivyo mpaka utakaporudi.

2. H4 huwekwa kabla ya utelezi.

Gari likiwa linakwenda taratibu na usukani umenyooka, ondoa mguu kwenye mafuta, sogeza leva kutoka H2 kwenda H4, subiri taa ya 4WD iwake kwenye dashibodi. Usiisogeze wakati matairi ya nyuma yanazunguka bure kwenye tope. Hapo propela ya nyuma inakimbia na ya mbele imesimama, na ukiziunganisha ghafla meno ya transfa (boksi la gia linalogawa nguvu mbele na nyuma) ndiyo yanayobeba kishindo chote. Barabara nyekundu inayopanda ukingo wa kreta ya Ngorongoro baada ya Loduare, yenye ukungu wa asubuhi, ni ya H4 tangu mwanzo. Kokoto zilizolegea na rasta za kwenda Naabi, geti la Serengeti, pia zinaruhusu H4, na mkia wa gari unatulia vizuri zaidi.

3. H4 kwenye lami kavu.

Hapa tutakaa, kwa sababu kosa hili halionekani. Gari likikwama, kila mtu anaona. Gari likisagika ndani ya transfa, hakuna anayeona mpaka siku leva inapogoma au krosi (jointi ya propela) inapokatika kilomita mia kutoka kwa fundi, na anayelaumiwa ni dereva aliyelishika mwisho.

Sikilizeni kinachotokea. Gari likikata kona, matairi ya mbele hupita njia ndefu kuliko ya nyuma. Chukua gari lenye umbali wa mita 3 kati ya ekseli na ekseli. Likikata kona kali ya robo duara, katikati ya ekseli ya nyuma ikiwa mita 6 kutoka kitovu cha kona, ekseli hiyo inatembea kama mita 9.4. Ya mbele inatembea kama mita 10.5. Tofauti ni mita 1.1 katika kona moja. Tairi la 7.50R16 likizunguka mara moja linakwenda takriban mita 2.5, hivyo matairi ya mbele yanahitaji karibu nusu mzunguko zaidi. Zidisha kwa difu ya 4.1: propela ya mbele inataka kuizidi ya nyuma karibu mizunguko miwili.

Ukiwa H2 hakuna tatizo, kila propela na mambo yake. Ukiwa H4, transfa imezifunga propela mbili pamoja kama chuma kimoja. Gari hili halina difu ya katikati ya kugawa tofauti hiyo. Mizunguko ile lazima iende mahali, na kwenye tope, mchanga au kokoto inaishia kwenye tairi kuteleza kidogo, wala husikii. Lami kavu hairuhusu tairi kuteleza. Basi vyuma vinajikaza: shafti, krosi, jointi za mbele, meno ya transfa. Kona inayofuata inaongeza mkazo, na ya tatu juu yake. Gari lililorefushwa kwa ajili ya viti vya wageni linakaza zaidi, kwa sababu tofauti inakua kadiri ekseli zinavyoachana.

Hata barabara iliyonyooka haikuokoi kama matairi hayalingani. Tairi jipya lenye kashata (vinundu vya tairi) za milimita 8 na lingine lililokwisha kabisa hutofautiana kama sentimita 5 kwa kila mzunguko. Hiyo ni karibu asilimia 2, yaani mita 20 katika kila kilomita. Anayefunga matairi mapya mbele na vipara nyuma anajikaza mwenyewe bila kukata kona hata moja.

Dalili mnazijua, ila mnazipa majina mengine. Usukani unakuwa mzito, mnasema pampu imechoka. Ukiachia mafuta gari linasita kana kwamba breki zimeshika, mnasema breki zimekaza. Kwenye kona ya kuingilia kempu gari linaruka-ruka na tairi linalia, mnasema ni shokapu. Kisha unataka kurudisha leva H2, haitoki. Au imetoka lakini taa ya 4WD inaendelea kuwaka, maana yake meno bado yameshikana.

Msiipige teke leva! Chuma kimekazwa, na kinachotakiwa ni kukikazua. Weka rivasi, rudi nyuma mita 5 hadi 10 usukani ukiwa umenyooka, kanyaga klachi, jaribu leva kwa mkono mwepesi. Ikigoma, shusha matairi pembeni ya barabara kwenye udongo uliolegea, nenda mbele na nyuma ukigeuza usukani kidogo kulia na kushoto. Mara nyingi hapo inaachia kwa mlio mkubwa. Ikigoma bado, weka vigingi kwenye matairi mengine, piga jeki, nyanyua tairi moja la mbele. Likitoka ardhini litazunguka lenyewe kwa nguvu, hivyo mikono na uso viwe mbali.

Kuna hatari nyingine inayosahaulika: lami yenye maji. Mbele na nyuma zikiwa zimefungwa pamoja, gari linakwenda moja kwa moja wewe unapotaka likate kona, na matairi yakishindwa yanashindwa yote kwa mpigo. Kona za kushuka Mto wa Mbu zina malori yanayopanda. Kwa hiyo unaporudi, Loduare ni mahali pa kurudisha leva H2 na kuhakikisha taa imezimika kabla hujaianza lami.

4. L4 ni ya polepole, na N ni hatari.

L4 inapunguza mwendo na kuongeza nguvu takriban mara 2.5. Gia ya pili ya L4 bado ni ya polepole kuliko ya kwanza ya H4, ndiyo maana kwenye tope tunaanza na ya pili au ya tatu. Ya kwanza ina nguvu kupita kiasi, inazungusha tairi badala ya kulisogeza.

Kuingia L4: simamisha gari kabisa, vuta hendibreki, kanyaga klachi mpaka chini, pitisha leva N bila kusita hadi L4. Meno yakigongana, achia klachi kidogo leva kubwa ya gia ikiwa huru, kisha rudia.

Hilo neno "bila kusita" lina sababu. Transfa ikiwa N, giaboksi haijaunganishwa na propela yoyote. Unaweza kuwa umeacha gia ya kwanza ukaamini gari limeshikwa, kumbe linashikwa na hendibreki peke yake. Kwenye ukuta wa kreta, na hendibreki ya gari lililoshiba tope, usimwache mtu yeyote mbele au nyuma ya gari wakati leva iko hapo.

Kushuka Seneto, njia ya kuingia kretani, kukiwa na utelezi: chagua L4 gia ya pili ukiwa bado juu, na mguu ukae mbali na klachi mpaka chini. Ukikanyaga klachi umekata breki ya injini na gari linakimbia papo hapo. Mkia ukianza kuteleza pembeni, achia breki, ongeza mafuta kidogo tu ili matairi yazunguke, yatashika tena. Pale njia ilipo kavu na imesakafiwa, L4 inakaza vyuma sawa na H4, na kwa nguvu zaidi. Huko unaweza kuweka L4 na habu zikiwa FREE: unapata mwendo wa polepole kwa matairi ya nyuma peke yake, bila mkazo. Ila mafuta yawe ya taratibu, kwa sababu nguvu yote inabebwa na difu ya nyuma. Na pakiwa na maji, usifanye hivyo.

5. Difu loku.

Hii hufanya matairi mawili ya ekseli moja yazunguke pamoja. Kama gari linayo, funga ya nyuma kwanza, na ya mbele mwisho kabisa, matairi yakiwa yamesimama au yanatambaa, usukani umenyooka, mwendo usizidi kilomita 8 kwa saa. Taa ikiwaka bila kupepesa, imeingia. Ya mbele ikiwa imefungwa gari halikati kona, hivyo usilazimishe usukani. Ukitoka tu, zima.

6. Udongo mweusi.

Udongo huu unajaa kwenye kashata za tairi mpaka tairi linakuwa laini kama chungu. H4 gia ya pili au ya tatu, mwendo usiobadilika, usukani wenye miguso midogo, na usisimame katikati hata simba akitokea.

Gari likipunguza mwendo na matairi yanazunguka bila kusogea, ACHA. Kila sekunde unayoendelea kukanyaga mafuta inashusha gari kuelekea difu, na difu ikilala juu ya udongo matairi hayana tena uzito wa kushikia. Hakikisha hakuna mnyama karibu, shuka, angalia. Kama bado kuna nafasi chini ya difu, rivasi kwenye alama zako mwenyewe ndiyo njia ya kwanza. Kama imelala, chimba chini ya difu kwanza, kisha mbele ya matairi yote manne. Jeki iwekwe juu ya ubao mpana wa sentimita 30 kwa 40 hivi, la sivyo itazama yenyewe. Ubao na mbao za kutandika njooni nazo kutoka mjini. Kukata matawi ndani ya hifadhi hakuruhusiwi.

Ukivutwa, kamba ifungwe kwenye ndoano za chasisi. Mpira wa chuma wa kuvutia trela ukikatika unaruka kama risasi, na umeshaua watu.

7. Upepo.

Mchangani shusha hadi psi 20 hivi, na usirudi kwenye lami kabla hujajaza tena.

8. Mnaopewa Defender za zamani au Prado.

Hizi ni fowili muda wote na zina difu ya katikati, hivyo lami si tatizo. Kosa lao ni kinyume: dereva anaamini gari linajitosheleza, tairi moja linaning'inia korongoni, na nguvu yote inaishia kwenye tairi hilo. Funga difu ya katikati kabla ya kuingia pabaya, na ifungue kabla ya kurudi kwenye lami au ardhi ngumu. Ikiwa imefungwa, kila tulichosema kwenye namba 3 kinakuhusu. Hilux ya kitufe cha H2, H4 na L4 ni ndugu wa Land Cruiser yetu, haina difu ya katikati.

9. Ukirudi.

Safisha tope ndani ya rimu, usukani utaacha kutetemeka. Piga grisi krosi zote. Kama ulipita maji ya kufikia habu, fungua kifuniko cha juu cha difu zote mbili, chovya kidole: oili yenye rangi ya maziwa imeingia maji, imwagwe siku hiyo hiyo. Grisi nyeusi ikivuja nyuma ya tairi la mbele, sili imekwisha, mwambie fundi kabla ya safari ijayo. Msimu wa kiangazi, endesha fowili angalau kilomita 16 kila mwezi kwenye barabara ya vumbi ili oili ifike vyuma vya mbele. Na unapokabidhi funguo, mwambie anayepokea habu ziko LOCK au FREE, na mwende mkaziangalie pamoja.